Dieng hajui Kifaransa: mhadhara kuhusu Ousmane Sembène na maana ya kujitegemea

Ndugu mwenyekiti, walimu wenzangu, na ninyi vijana mliokuja na kamera zenu mkidhani leo tutazungumzia lenzi: nashukuru kwa kualikwa kwa mara nyingine, ingawa mnajua fika nitakalolisema, maana nimekwisha kulisema katika ukumbi huu na katika kumbi nyingine ambazo hazikuwa hata na feni. Mtu asiyesikilizwa hana budi kurudia.

Kila mara jina la Ousmane Sembène linapotajwa mbele ya hadhara, mtambulishaji husoma orodha. Mvuvi, mwashi, fundi makanika, askari, kuli wa bandarini, mwanachama wa chama cha wafanyakazi, mwandishi wa riwaya, mwongozaji wa filamu, mwanzilishi wa gazeti. Orodha husomwa kwa sauti ya kustaajabu, kama tunavyomsifu mchezaji kiraka ambaye kocha anaweza kumpanga namba yoyote, leo beki, kesho mshambuliaji. Mimi sikubaliani na sifa hiyo, na ndiyo sababu nimekuja. Kiraka hucheza popote anapopangwa na kocha. Sembène hakupangwa na mtu. Alikuwa na swali moja lililomsumbua maisha yake yote, nalo ni hili: yule ninayemsema, je, atanisikia? Kila aliposhika kazi mpya alifanya hivyo kwa sababu kazi ya awali ilikuwa imeshindwa kulijibu swali hilo.

Habari za maisha yake nitazipita mbio, kwa kuwa zinapatikana kwa urahisi. Alizaliwa Ziguinchor, katika jimbo la Casamance kusini mwa Senegal, mwaka 1923, mtoto wa mvuvi. Alifukuzwa shule akiwa mdogo kwa kugombana na mwalimu mkuu Mfaransa, na huo ukawa mwisho wa masomo yake ya darasani. Alifanya vibarua Dakar, akachukuliwa jeshini na wakoloni mwaka 1944, na mwaka 1947 akazamia meli kwenda Ufaransa, ambako aliangukia katika bandari ya Marseille akipakua shehena kwa mgongo wake. Mgongo huo uliumia kazini. Akiwa anauguza jeraha alijikita katika kusoma, na kutokana na kusoma akaanza kuandika. Riwaya yake ya kwanza, yenye kisa cha kuli Mwafrika, ilitoka mwaka 1956. Mwaka 1960 ikatoka ile kubwa kuhusu mgomo wa wafanyakazi wa reli ya Dakar–Niger wa 1947 na 1948, ambayo baadhi yenu mmeisoma kwa Kiingereza.

Hapo nawaomba tusimame kidogo. Mwaka huo wa 1960 Senegal ilipata uhuru, naye Sembène akarudi nyumbani akiwa mwandishi mwenye jina. Kitabu chake kilikuwa kimewasimulia wafanyakazi wa karakana za Thiès na wanawake walioandamana kwa miguu hadi Dakar. Kilikuwa kimewaheshimu kuliko kitabu chochote kilichowahi kuandikwa juu yao. Ila mfanyakazi wa Thiès hakuweza kukisoma, kwa kuwa kiliandikwa kwa Kifaransa, na huyo mfanyakazi, kama watu wengi wa nchi yake wakati ule, hakujua kusoma Kifaransa wala lugha nyingine. Mnaielewa aibu hiyo? Ni kama mtu aliyeandika wosia mzuri wa kumrithisha mwanawe nyumba, kisha akaufungia kwenye kasha ambalo mwanawe hana ufunguo wake.

Mwandishi mwingine angeendelea tu kuandika na kulalamika kwamba watu hawasomi. Hilo ni jambo tunalolifanya sana huku kwetu, tena kwa ufasaha. Sembène alifunga mizigo, mwaka 1962, akiwa na miaka 39, akaenda Moscow kujifunza filamu katika Studio ya Gorky, chini ya mwongozaji Mark Donskoi. Naitaja hiyo miaka 39 kwa makusudi, kwa sababu kila muhula hunijia kijana wa miaka 24 akiniambia kwamba amechelewa.

Alirudi na kamera kuukuu ya Kirusi na mwaka 1963 akapiga *Borom Sarret*, filamu fupi ya dakika zisizozidi 20 kuhusu mwendesha mkokoteni wa farasi mjini Dakar. Sina haja ya kueleza hadithi nzima, lakini kuna tukio moja ambalo nikifa mtaniona nimelishika mkononi. Abiria mwenye mavazi nadhifu anamshawishi huyu mwendesha mkokoteni ampeleke Plateau, mtaa wa wakubwa, ambako mikokoteni hairuhusiwi. Polisi anamsimamisha. Maskini yule anapotafuta karatasi zake, nishani yake inadondoka chini, nishani aliyoipata kwa kupigana vita vya watu wengine, na anapoinama kuiokota buti la polisi linaikanyaga. Picha inakaa palepale, buti na nishani. Polisi ni Msenegali na nchi ni huru. Hakuna hotuba inayotolewa kueleza jambo hilo, na mwongozaji hakuona haja ya muziki wa kilio, kama ule mnaoupenda, wa kinanda kinacholia hata mtu anapofungua mlango.

Sasa sikilizeni kwa makini. Sauti tunayoisikia ndani ya kichwa cha mwendesha mkokoteni, mawazo yake kuhusu farasi, njaa na mkewe, ni ya Kifaransa. Miaka mitatu baadaye, katika *La Noire de...*, ambayo ilipata tuzo ya Jean Vigo mwaka 1966, kosa hilo hilo linarudi likiwa limekua. Diouana ni msichana wa Dakar aliyepelekwa Antibes kuwa mtumishi wa ndani. Hajui kusoma. Ndani ya moyo wake, hata hivyo, anazungumza Kifaransa kilichonyooka, tena kwa sauti ya mwigizaji mwingine wa kutoka Haiti. Wapo wahakiki wanaosema hiyo ni mbinu. Labda ni kweli. Mimi naona ni deni, na naamini Sembène mwenyewe alijua anadaiwa, kwa kuwa katika filamu hiyo hiyo aliweka tukio linalomshitaki. Barua ya mama inafika kutoka Dakar. Bwana wa nyumba anamsomea Diouana, kisha anachukua kalamu na kuanza kumwandikia jibu kwa niaba yake: mimi mzima, nafurahi, waajiri wangu ni wema. Diouana anaichana. Barua ile haikuwa yake. Na huko Dakar, mwalimu wa mtaani anayehusika na barua za mama anaigizwa na nani? Na Sembène mwenyewe. Alijiweka mahali pa mtu anayeandika kwa niaba ya wengine, akatuachia tumhukumu.

Mwaka 1968 akalilipa deni hilo kwa *Mandabi*, na hapa ndipo nitakapokaa, mwenyekiti anisamehe.

Jina lenyewe ni somo. *Mandat* ni neno la Kifaransa la hawala ya posta, na *bi* ni kibainishi cha Kiwolofu, lugha inayozungumzwa sana Senegal, kwa hiyo *mandabi* ni "hawala hiyo", neno la mgeni lililovishwa nguo za nyumbani, kama sisi tulivyoivisha "posta" yenyewe. Ibrahima Dieng ni mtu mzima, hana kazi kwa miaka minne, ana wake wawili na watoto saba, na kanzu yake imepigwa pasi vizuri kuliko hali yake. Mpwa wake anayefagia barabara Paris anamtumia hawala ya faranga 25,000: zake ni 2,000, za mama wa kijana 3,000, na zilizobaki amtunzie. Kabla Dieng hajaiona hiyo hawala, wake zake wameshakopa mchele kwa mwenye duka kwa dhamana yake. Posta wanataka kitambulisho. Kitambulisho kinataka cheti cha kuzaliwa, picha na stempu. Cheti cha kuzaliwa kinataka tarehe, na Dieng anajua tu kwamba alizaliwa kama mwaka 1900 hivi. Mpiga picha anachukua fedha na picha haitoki, na Dieng akidai haki yake anapigwa hadi pua inatoka damu. Wakati huo wote majirani wanamiminika kumpongeza na kumkopa, mmoja baada ya mwingine, kwa sababu mtaani wote wanajua kwamba mzee amepata fedha. Anazidi kudaiwa kwa ajili ya fedha ambazo hajazigusa.

Yote hayo yanasemwa kwa Kiwolofu. Hiyo ndiyo filamu ndefu ya kwanza ya Afrika Magharibi kuzungumzwa katika lugha ya Kiafrika. Kifaransa kimo pia, lakini kimewekwa mahali kinapostahili: kwenye dirisha la ofisi, upande wa ndani. Dieng yuko upande wa nje. Kwa mara ya kwanza mtazamaji wa Dakar asiyejua Kifaransa aliketi ukumbini akaelewa kila kitu, na aliyepotea kidogo alikuwa yule bwana wa ofisini, aliyezoea kuelewa peke yake.

Nimeionyesha filamu hii mara nyingi, lakini mara moja nitawasimulia. Ilikuwa uani kwa ndugu zangu, pwani, shuka limetundikwa ukutani, nami na kipaza sauti nikitafsiri papo kwa papo, nikijaribu kumwiga Lufufu, aliyetutafsiria filamu za Kihindi na za Kichina, ingawa sina hata robo ya ulimi wake. Kufikia dirisha la posta shangazi yangu alikuwa ameanza kucheka kabla sijafungua kinywa. Nilinyamaza makusudi kwa dakika kadhaa nikaona hakuna aliyelalamika. Alipotokea yule jamaa wa Dieng mwenye suti, anayejitolea kwenda kumchukulia fedha kwa hati ya uwakilishi, mama mmoja alipiga kelele, "Mwambieni asimpe huyo!" kana kwamba Dieng alikuwa anapita nje ya ua. Na ilipokwisha, mzee mmoja aliyekuwa akifuatilia karatasi zake katika ofisi nisiyoitaja kwa muda wa mwaka na nusu aliniuliza kwa upole kabisa kama huyo mzee wa Senegal kitambulisho chake kilitoka hatimaye. Filamu ilikuwa na umri wa miaka 40 na zaidi, ya nchi ambayo mzee huyo asingeweza kuionyesha kwenye ramani.

Najua mnataka kuniuliza kuhusu fedha. Kila mara kuna kijana anayenyoosha mkono na kusema: Mwalimu, mtu huyu unayemwita wa kujitegemea si alichukua fedha za Wafaransa? Ndiyo, alichukua. *Mandabi* ilipigwa kwa mkopo wa kituo cha taifa cha sinema cha Ufaransa, ikiwa na mtayarishaji wa Kifaransa, kwa masharti. Mojawapo lilikuwa kwamba liwepo toleo la Kifaransa. Sembène alitengeneza matoleo mawili, la Kifaransa na la Kiwolofu. Waliomlipa wakapata lao. Watu wa Dakar wakapata lao. Ni toleo gani mnalolijua leo? Wala sitawadanganya kwamba hakuzigusa tena fedha za namna hiyo baada ya hapo, alizigusa. Lakini kujitegemea, neno ambalo sisi tumelikariri tangu Azimio la Arusha mpaka likapoteza ladha, halina maana ya kutodaiwa. Mkulima anayejitegemea hukopa mbegu. Maana yake ni kwamba anayekukopesha hakuchagulii utakayemlisha.

Mwingine atasema, soko. Kiwolofu kina watu wachache, utauza wapi? Swali hili huniudhi kuliko jingine lolote, hasa likiulizwa kwa Kiswahili. Ninyi mna lugha inayoeleweka kuanzia visiwani hadi Kongo, lugha ambayo Sembène angeipokea kwa mikono miwili, kisha mnaipa filamu yenu jina la Kiingereza, tena mara nyingine Kiingereza kilichovunjika mguu, na chini mnaandika tafsiri ambayo Mwingereza haielewi na Mswahili haihitaji. Nimesimama Kariakoo mbele ya meza ya kanda nikasoma majalada 30 mfululizo nikidhani nimepotelea nchi nyingine. Mnamwandikia nani barua hiyo? Basi, niache, maana nilimwahidi mwenyekiti kwamba leo sitapandisha sauti.

Turudi Dakar. Jambo ambalo mtambulishaji na orodha yake halioni ni kwamba wepesi wa Sembène ulikuwa zaidi katika lugha. Alipotaka kusimulia jinsi jeshi la Kifaransa lilivyokwenda kuchukua mpunga wa wanakijiji wa Casamance wakati wa vita, katika *Emitaï* ya 1971, hakuwalazimisha wakulima wale kusema Kiwolofu cha mjini. Walisema Kijola, lugha yao. Wakati huohuo alishirikiana na mwanaisimu Pathé Diagne kuanzisha *Kaddu*, gazeti la Kiwolofu. *Xala* ya 1975 aliiandika kwanza kama riwaya kwa Kifaransa, kisha filamu ikamrejesha kwenye Kiwolofu, na binti wa tajiri anayesimuliwa humo anamjibu baba yake kwa Kiwolofu kila anaposemeshwa kwa Kifaransa, jambo linalomtia baba hasira kuliko tusi. Wakaguzi waliikata filamu hiyo. Sembène akagawa karatasi akiwaeleza watu ni vipande gani vimeondolewa. Mnaona? Hata ukaguzi aliugeuza kuwa kitu cha kusomwa.

Kisha ikaja *Ceddo*, mwaka 1977, na kisa chake hakika kingekuwa cha kuchekesha kama hakingemgharimu miaka. Rais wa Senegal wakati huo, Léopold Sédar Senghor, alikuwa mshairi, na kabla ya ushairi alikuwa mwalimu wa sarufi. Serikali yake ilikuwa imetunga sheria ya tahajia ya Kiwolofu, na kwa sheria hiyo jina la filamu lilipaswa kuwa na *d* moja. Sembène aliandika mbili na akakataa kuondoa hata moja. Filamu ikazuiwa. Mtaniambia, na mtakuwa na haki, kwamba herufi ilikuwa kisingizio, kwamba filamu inayoonyesha dini ikiingia kwa nguvu na binti wa mfalme akimpiga imamu risasi ingezuiwa hata kama ingeandikwa kwa *d* tano. Nakubali. Hata hivyo tazameni uwanja waliokutana. Rais hakusema "filamu hii inanitisha". Alisema lugha yako umeiandika vibaya, yeye aliyeifanya lugha ya Kifaransa kuwa nyumba yake. Na yule kuli wa zamani, aliyefukuzwa shule, akamjibu msomi wa sarufi kwamba Kiwolofu chake anakijua. Filamu haikuonyeshwa nchini mpaka Senghor alipokuwa ameondoka madarakani, na Sembène hakutoa filamu nyingine ndefu hadi 1988. Miaka 11. Mkitafuta bei ya *d* moja, ndiyo hiyo.

Hiyo ya 1988, *Camp de Thiaroye*, aliyoiongoza pamoja na Thierno Faty Sow, ilistahili saa nzima, nami nimebakiwa na dakika chache. Inahusu askari Waafrika waliorudi kutoka vitani, waliodai malipo yao na kupigwa risasi na jeshi la Ufaransa, jeshi walilolitumikia, alfajiri ya tarehe 1 Desemba 1944, katika kambi nje kidogo ya Dakar. Idadi ya waliokufa inabishaniwa hadi leo. Ilitengenezwa kwa fedha za Senegal, Algeria na Tunisia. Kwa wanaouliza kama inawezekana bila Ulaya, jibu lipo, na lina majina ya nchi tatu. Tazameni pia askari wanavyozungumza, kile Kifaransa cha kambini walichozungumza pamoja kwa sababu kila mmoja alitoka kwenye lugha yake.

*Guelwaar* ya 1992, inayohusu maiti ya Mkristo iliyozikwa kimakosa katika makaburi ya Waislamu, na magunia ya msaada wa chakula, naiacha. *Faat Kiné* nayo naiacha, ingawa akina mama waliopo hapa wangeipenda kuliko zote.

Nimalizie na ya mwisho, *Moolaadé* ya 2004, aliyoitoa akiwa na miaka 81, baada ya kuipiga katika kijiji cha Burkina Faso, kwa Kibambara, yaani nje ya nchi yake na nje ya Kiwolofu chake. Mwanamke aitwaye Collé anawapa hifadhi wasichana wanaokimbia kukeketwa. Hifadhi hiyo ni kamba ya rangi iliyofungwa mlangoni, na wanaowatafuta hao wasichana hawathubutu kuivuka. Wanaume wanakusanya redio za wanawake na kuzirundika mbele ya msikiti ili zichomwe. Nyingine bado zinasema ndani ya rundo. Sauti za matangazo, muziki, mtu anasoma habari, zote kwa pamoja, zikitoka chini ya rundo huku watu wakipita. Mzee aliyeanza kwa kitabu kisichosomeka alikuwa amefika kwenye redio, chombo kisichohitaji mtu ajue hata herufi moja.

Filamu aliyoitaka kuliko zote, kuhusu Samori Touré na vita vyake dhidi ya Wafaransa, aliibeba kichwani na kwenye karatasi kwa miongo mingi na hakuipiga. Alifariki Dakar mwezi Juni 2007, akiwa ameacha filamu ndefu 9.

Mwenyekiti ananionyesha saa. Tutazima taa tutazame *Borom Sarret*, na nimeomba sauti ya Kifaransa ipunguzwe, kwa kuwa kijana wetu pale nyuma ameandaa maneno ya mwendesha mkokoteni kwa Kiswahili na atayasema mwenyewe kwenye kipaza sauti. Walio karibu na madirisha, tafadhali shusheni mapazia.